Neno Ulilomjibu Askari

Kaka Otmari,

Sikuiti mpendwa. Wewe ndiye uliyenifundisha kwamba mtu asitamke neno asilolimaanisha, hata kwa adabu, na leo nimeamua kuwa mwanafunzi mtiifu. Barua hii naiacha wazi. Ulifundisha mbele za watu na ukapigiwa makofi mbele za watu, basi na haya wayasikie hao hao waliokaa nawe meza moja hapa Guangzhou. Mama naye ataisoma. Atavaa miwani yake, atatoka barazani kwenye mwanga, na ataisoma mpaka mwisho.

Nianze na wema wako, kwa sababu upo na siwezi kuukana.

Unakumbuka Baba alipokataa nisiende sekondari? Mimi nilikuwa jikoni nalia. Wewe ulikuwa likizo kutoka seminari, umevaa lile shati jeupe lililokubana mabega. Ulimkalisha Baba sebuleni, ukamwambia tufanye kama walivyofanya wanazuoni wa enzi za kati katika vyuo vyao. Kwanza ukasimama upande wake. "Yaonekana kwamba Winfrida asisome," ukasema, kisha ukazitaja hoja zake vizuri kuliko alivyozitaja yeye: shamba halina mtu, Mama anaumwa mgongo, msichana mwishowe ataolewa na kuondoka. Baba akawa anaitikia kwa kichwa, ameridhika kabisa. Halafu ukasema, "Lakini kinyume chake," ukahamia upande wangu. Ukazijibu hoja zile moja baada ya nyingine bila kupaza sauti, mpaka Baba akaishia kucheka. "Huyu mtoto wamemfundisha nini huko?" akauliza. Januari nikaenda shule.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba falsafa ni kitu kinachomtoa msichana jikoni. Niliipenda kabla sijaijua vizuri, na nilikupenda wewe kwa sababu yake.

Ndiyo maana ulipoacha upadre ukiwa umebakiza hatua chache, nyumba nzima ikanuna, mimi sikununa. Ulipopata nafasi ya kusoma China, watu wa Songea walishangaa: mtu anakwendaje kwa Wachina kuwasoma watawa wa Ulaya waliokufa zamani? Uliwajibu kwamba ukweli hauna pasipoti. Nililirudia neno hilo kwa kila aliyeniuliza habari zako. Siku hizi nikilikumbuka meno yanauma.

Mimi na Gaspari tulikufuata baada ya kuoana. Yeye alikuwa na duka la nguo, na wakati ule kila mwenye duka aliyeweza kupata viza alikuwa anakuja huku. Ulitupokea uwanja wa ndege. Ulitupeleka Kangle, ukatuonyesha vichochoro vya vyerehani ambako suruali inakatwa mlango huu, inashonwa mlango ule na kupigwa pasi mlango wa tatu. Ulinifundisha kumwita mwenye kiwanda laoban, na ulinifundisha neno nililolisikia zaidi ya yote katika mji huu, meyo, hakuna. Rangi nyekundu? Meyo. Saizi kubwa? Meyo. Ulicheka ukasema Kichina ni lugha ya kiadilifu, ukiondoa silabi moja ya mwanzo, meyo inakuwa yo, na yo maana yake kipo, yupo. Kuwapo na kutokuwapo vimetenganishwa na silabi moja, ukasema, wanazuoni wangeifurahia sana lugha hii.

Jumapili tukitoka misa kwenye lile kanisa kubwa la mawe, tulikwenda Xiaobei, mtaa wa Dengfeng, kula kwa Bi Rehema. Wasiomjua niwaambie: Bi Rehema alikuwa mjane wa Tanga aliyekuwa na mkahawa ghorofa ya kwanza, juu ya duka la simu, na juu ya mkahawa alikuwa na stoo yake ya mchele na mafuta. Kwake walikuja wanafunzi na wafanyabiashara, Waislamu na Wakristo, Wakenya na Wakongo. Sahani zikishatolewa, wewe ulianza. Ulileta swali moja kila Jumapili. Je, malaika ana mwili? Je, dunia ingeweza kuwapo milele bila mwanzo? Je, kujua kitu ni nini na kujua kwamba kipo ni jambo moja au mawili? Watu waliokuwa wanagombania bei ya simu asubuhi wakakaa hapo wakibishana juu ya malaika.

"Hiyo ni mantiki, mwanangu," Bi Rehema alikwambia siku ya kwanza. "Marehemu baba yangu akiisomesha Tanga, kwa Kiarabu. Hao watawa wako wamesoma kwetu."

"Kweli kabisa, Bi Rehema," ukamjibu, ukasimama na kumwinamia. "Bila nyinyi tusingefika hata nusu ya njia."

Na kila Jumapili uliyemchagua kusimama upande wa pingamizi alikuwa Gaspari. Alikuita Shemeji Mwalimu. Alipenda kushindwa nawe. Akishindwa alicheka kuliko wewe uliyeshinda, halafu njia nzima ya kurudi nyumbani ananiambia, "Umemsikia shemeji? Umesikia alivyonifunga?" Nataka ulijue hilo vizuri. Katika mji huu mzima hakuna aliyekupenda kama Gaspari alivyokupenda.

Jumapili moja swali lilikuwa hili: je, ni halali kumdanganya mtu mbaya anayemtafuta asiye na hatia? Gaspari akasimama. "Yaonekana ni halali," akasema. "Wauaji wakija kwangu wanamtafuta mwanangu, nitawaambia hayupo, na Mungu mwenyewe atanisaidia kudanganya." Mkahawa ukalipuka kwa kicheko. Wewe hukucheka. Ulisema ulimi umepewa mtu ili utoe kilichomo moyoni, na kuugeuza utoe kinyume chake ni kuuharibu, kwa hiyo uongo ni mbaya kwa asili yake, hata ukiokoa maisha.

"Kwa hiyo mwanangu afe?" Gaspari akauliza.

"Hapana. Kukatazwa kudanganya si kuamriwa kusema. Unaweza kunyamaza. Unaweza kujibu swali kwa swali. Unaweza kusema jambo jingine la kweli, wao wakaelewa watakavyo. Wanazuoni waliuacha mlango huo wazi."

"Haya basi," alisema Bi Rehema akikusanya vikombe, "mimi nitapita mlango wangu wa meyo, nyinyi mpite huo wenu."

Sote tulicheka. Siku ile hata wewe ulicheka.

Sasa nakuja kwenye siku yenyewe.

Ilikuwa mchana, joto la kunyonya nguvu, mvua inatishia na hainyeshi. Viza ya Gaspari ilikuwa imekwisha. Wakala aliyeahidi kuishughulikia alikuwa amezima simu, na Gaspari alikuwa amepanga kwenda mwenyewe kujieleza nikishajifungua, ili asiniache peke yangu. Nilikuwa katika mwezi wangu wa mwisho. Hayo yote uliyajua, maana tuliyapanga nawe.

Kijana wa Kikongo akapita ngazini anaita, "Kontroli! Kontroli!" Askari walikuwa wanakagua pasi mtaa mzima. Bi Rehema hakushtuka. "Gaspari, baba, panda stoo," akasema, kisha akarudi kwenye sufuria zake. Gaspari akapanda. Mimi nilibaki mezani nikimenya vitunguu saumu, wewe mbele yangu na bakuli la supu na kitabu chako.

Waliingia wawili, mmoja mtu mzima, jasho linamtiririka, mwingine kijana. Bi Rehema akawapokea kwa meyo zake. Juu? Meyo, meyo, mchele tu. Yule mtu mzima alimwamini, au alichoka; alivua kofia akajifuta uso, akageuka kuelekea ngazi za kushuka. Yule kijana akaja mezani kwetu. Akatazama pasi yangu, akanirudishia. Akachukua kitambulisho chako cha chuo, akakisoma, akakusemesha, na ulipomjibu kwa Kichina chako kizuri akafurahi, akakusifu. Kitambulisho bado alikuwa nacho mkononi. Akakuuliza, kama mtu anayepoteza muda tu: juu kuna mtu?

Ukasema, "Yo."

Hukunyamaza. Hukumjibu swali kwa swali. Hukumwambia juu kuna mchele, jambo la kweli ambalo Bi Rehema alikuwa amelitamka mbele yako muda mfupi tu uliopita. Yo. Yupo.

Ukuta wa stoo ile ulikuwa mbao. Gaspari alikusikia. Nilisikia dirisha linafunguliwa, nikasikia bati la kibanda cha uani linapokea uzito wake na kuachia, halafu nikasikia alivyofika chini. Sitaieleza sauti ile. Yule askari mtu mzima ndiye aliyekuwa wa kwanza kumfikia. Alipiga magoti kwenye maji machafu akamshika kichwa mpaka gari la wagonjwa lilipokuja, na alikuwa anamwambia maneno kwa upole ambayo Gaspari hakuyaelewa. Na yeye sina ugomvi. Alikuwa kazini, na alikuwa binadamu.

Wewe ulishuka mwisho. Ulikuwa umeshakirudisha kitambulisho mfukoni.

Hospitalini tulikaa kwenye korido. Nilikusubiri useme kitu. Ningepokea chochote siku ile, kaka. Ungelia tu, ningekushika mkono. Badala yake ukaanza kunifundisha.

"Winfrida, tendo moja linaweza kuwa na matokeo mawili. Moja mtu analikusudia, jingine linafuatia bila yeye kulitaka. Mimi nilikusudia kusema kweli. Kuanguka kwake sikukukusudia."

"Nenda ndani ukamwambie mwenyewe."

Hukwenda. Ulivua miwani, ukaifuta, ukaivaa. Kisha ukaniambia, kwa sauti ile ile ya Jumapili, kwamba tusisahau ubaya hauna kuwapo kwake wenyewe, ni upungufu tu wa wema pale ulipostahili kuwapo.

"Otmari," nikakwambia, "mfupa umetoka nje ya ngozi. Nimeuona kwa macho yangu. Upo."

Uliinamisha kichwa, nami nikadhani huo ni mwanzo wa toba. Kumbe ulikuwa unatafuta kitabu kingine.

Walimtia vyuma kwenye mguu, na alipoweza kukaa kwenye kiti cha ndege wakamrudisha nyumbani, na kurudi huku akazuiwa. Nilijifungua bila yeye. Aliyenishika mkono ni Bi Rehema, akinisomea dua zake nami nikisali zangu, na binti yetu nikampa jina la mama huyo. Wewe ulileta maua. Uliyaacha kwa muuguzi.

Lakini hayo yote, nakuapia, ningekuja kuyameza. Watu hukosea. Watu huamini jambo gumu na kulifuata hadi mahali pabaya, na mtu wa aina hiyo unaweza kumheshimu hata kama huwezi tena kula naye. Kwa muda niliwaambia watu kwamba kaka yangu ni mtu asiyejua kudanganya, na balaa letu limetoka hapo. Nilikutetea kwa Bi Rehema aliyekuwa amekufungia mlango wake. Nilikutetea mpaka siku ile tuliyompigia Mama.

Tulikuwa kwenye kibanda cha simu, Dengfeng, mtoto mgongoni mwangu. Ulishika wewe simu, na sauti ya Mama ilikuwa kubwa, naisikia yote. Alikuwa analia kwa ajili ya Gaspari, ambaye alikuwa ameshafika Songea na magongo yake na hakuwa amesema lolote juu yako. Hata leo hajasema.

"Mwanangu, hao askari walijuaje kama yuko huko juu?" Mama akauliza.

Na wewe, mtu wa ukweli, ukamjibu, "Mama, askari wa huku wanakagua nyumba nzima, ghorofa kwa ghorofa."

"Mungu wangu. Na wewe ulikuwepo?"

"Nilikuwepo, Mama. Nilifanya nilichoweza kwa dhamiri safi."

"Ahsante, baba," Mama akasema. "Ahsante kwa kuwa karibu na wadogo zako."

Alikushukuru, Otmari. Na ukaipokea shukrani ile.

Tulipotoka nje nilikwambia, "Umemdanganya Mama."

Ukainua kidole, kama tuko kwa Bi Rehema. "Natofautisha," ukasema. "Kila neno nililosema ni la kweli. Askari kweli hukagua nyumba nzima. Alichoelewa Mama ni chake."

Hapo ndipo niliposhika. Nilisimama katikati ya watu, wenye mizigo wananipiga vikumbo, wabadilisha fedha wananiita, nami nimeganda. Mlango ulikuwepo! Mlango ule wa wanazuoni wako, wa kusema la kweli na kulificha la kweli, ulikuwa unaujua ulipo, unajua bawaba zake, na ulipoutaka uliufungua bila hata kupapasa. Uliufungua kwa ajili ya jina lako mbele ya Mama. Kwa ajili ya Gaspari hukuugusa.

Basi acha nami nibishane kwa mtindo wenu, kwa kuwa wewe ndiye mwalimu wangu. Yaonekana kwamba Otmari alimjibu askari kwa kuupenda ukweli. Kwa maana alifundisha hivyo miaka yote, na mtu hutenda anachofundisha. Lakini kinyume chake: alijua njia tatu za kumwokoa shemeji yake bila kusema uongo, alizitaja yeye mwenyewe mbele ya mashahidi, na hakutumia hata moja. Najibu kwamba kwa mtu aliyekuwa na njia ya halali na hakuipita, suala halikuwa uhalali. Nilikuwa mbele yako, kaka. Niliona mkono wako umenyooshwa kukielekea kile kitambulisho. Nilisikia kijiko kinagongana na bakuli. Uliogopa. Uliona masomo yako, viza yako, jina lako, vyote viko mkononi mwa kijana yule, ukampa alichotaka haraka kabla hajauliza mara ya pili. Falsafa ilikuja baadaye, hospitalini, kukufunika.

Na kuogopa si ajabu. Kila mtu wetu aliyewahi kuombwa pasi katika mtaa ule anaijua hofu hiyo. Ungesema tu.

Baadaye ukapata nafasi ya Ulaya ukaondoka, mimi nikarudi Songea kwa mume wangu. Tangu hapo nakuja huku mara kwa mara kununua mzigo, peke yangu, kazi iliyokuwa ya watu wawili. Bi Rehema alirudi Tanga. Mkahawa wake sasa unauza simu kama duka la chini. Gaspari anakaa dukani. Mguu umepona kwa namna yake, mfupi kuliko mwenzake, na siku za baridi ya kwetu haukunjiki kabisa. Nikikutukana ananikatiza. "Shemeji aliamini alichofanya," ananiambia. Amekusamehe kwa kosa ambalo hukulifanya, maana lile ulilolifanya hujamwambia.

Juzi ukanipigia. Nilikuwa Kangle, nachagua vitambaa. Ulikuwa na furaha: umemaliza, seminari imekupa kazi, unarudi Songea kabla ya Noeli, na ungependa kufikia kwetu kwa kuwa nyumba ya Mama haina nafasi. Utawafundisha vijana maadili. Utaanza na somo la ukweli, ukasema, na nikasikia ile sauti ya Jumapili ikirudi.

"Otmari," nikakuuliza, "siku ile, uliogopa?"

Nilishika nguzo ya mlango wa laoban nikangoja. Nilikuwa tayari, Mungu ananiona, nilikuwa tayari kukusamehe palepale katikati ya vyerehani.

"Hilo ni swali zuri," ukasema. "Inabidi kwanza tutofautishe kati ya hofu kama hisia na hofu kama sababu ya..."

Nilikata simu.

Nimemaliza. Vijana watakaokaa mbele yako wanastahili kujua mwalimu wao ni nani, na Mama anastahili kujua alimshukuru nani. Nilipomwambia Gaspari kwamba naandika, alinisihi kwa simu nikuache. Nimemkatalia, kwa mara ya kwanza tangu tuoane.

Sikufukuzi. Nyumba ni ya Gaspari pia, naye amesema uje. Kwa hiyo ukifika Songea piga hodi. Mimi sitainuka. Atakayekufungulia ni yeye, na atachukua muda kutoka kitini hadi mlangoni. Wewe simama hapo nje, usimharakishe, umsikilize anavyokuja.

Mimi mdogo wako,
Winfrida, mke wa Gaspari